Je, Wajua? Rais aliyetoka ubaoni

Je, wajua kwamba John Pombe Magufuli, kabla ya siasa, alifundisha kemia na hisabati katika Sekondari ya Sengerema? Mwanafunzi wa Rau, pale Moshi, anayehangaika na milinganyo na kuuliza itamfikisha wapi, aitazame safari hiyo: shahada ya kemia na hisabati Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 1988, ubunge 1995, urais 2015. Katikati, mwaka 2009, alipata shahada ya uzamivu kwa utafiti uliohusu mafuta ya maganda ya korosho. Akiwa Waziri wa Ujenzi alizitaja barabara kwa kilomita zake, moja baada ya nyingine, kwa kichwa. Naamini hilo ni zao la chaki: aliyezoea kupima huahidi kwa vipimo.

Wapo watakaosema hesabu haimfanyi mtu kiongozi bora, na wana hoja. Mwaka 2020 serikali yake iliacha kutangaza takwimu za korona, zikiwa zimefikia wagonjwa 509. Lakini kosa hilo si la hisabati, maana hisabati hudai njia ionekane. Mwanafunzi wa Rau analijua hilo: jibu lisilo na njia hukatwa alama.