Video Inapokataa Kufunguka

Faili la video lina sehemu mbili ambazo watu wengi huzichanganya. Ya kwanza ni kasha, yaani mpangilio wa faili lenyewe, unaoshikilia picha, sauti, manukuu na taarifa za muda ili vyote vitoke kwa pamoja. Ya pili ni kodeki, yaani njia iliyotumika kuibana picha na sauti zilizomo. Herufi za mwisho wa jina la faili, kama .mp4, .mkv, .avi au .mov, hutaja kasha tu. Kuhusu kodeki hazisemi lolote la uhakika. Ndiyo maana mafaili mawili ya .mp4 yaliyo kwenye flashi moja yanaweza kujaribiwa kwenye runinga ileile, moja likacheza vizuri na jingine likatoa sauti huku kioo kikibaki cheusi. Ndiyo maana pia kufuta .mkv na kuandika .mp4 mahali pake, mbinu inayosambazwa sana mitaani, hakubadilishi chochote ndani ya faili.

Video haiwezi kukwepa kubanwa. Fremu moja ya pikseli 1920 kwa 1080 ina pikseli zaidi ya milioni 2. Kila pikseli ikichukua baiti 3, fremu hiyo inakula takriban MB 6. Kwa fremu 25 kila sekunde, dakika moja tu inapita GB 9, na filamu ya saa moja na nusu inafika karibu GB 840. Kodeki hupunguza mzigo huo kwa kutorudia yale yasiyobadilika: ukuta ulio nyuma ya msomaji wa habari huhifadhiwa mara moja, na fremu zinazofuata hueleza tu midomo na mikono ilivyosogea. Hutupa pia yale ambayo jicho halitayatambua kirahisi, hasa tofauti ndogondogo za rangi. Kilichotupwa hakirudi tena, na hapo ndipo ilipo hatari ya kugeuza video ovyo.

Makasha yanayokutwa zaidi si mengi. MOV ilitoka Apple mwaka 1991, na AVI ikatoka Microsoft mwaka 1992. MKV ilianza mwaka 2002 kama mradi wa programu huria, na sifa yake ni kwamba hupokea karibu kila kitu: kodeki za aina zote, sauti za lugha kadhaa, manukuu ya lugha kumi kwa mpigo. MP4, iliyojengwa juu ya msingi wa MOV na kufanywa kiwango cha kimataifa mwanzoni mwa miaka ya 2000, inachagua zaidi vinavyoingia ndani yake, lakini ndiyo inayopokelewa na vyombo vingi kuliko zote.

Kwenye kodeki ndiko kwenye mzozo. MPEG-2 ndiyo iliyotawala zama za DVD. H.264 ilikamilika mwaka 2003 na ikaenea kwenye simu, kamera, runinga na intaneti. HEVC, iitwayo pia H.265, ilifuata mwaka 2013. Hutoa ubora unaokaribiana na wa H.264 kwa karibu nusu ya ukubwa wa faili. Kiufundi ni hatua kubwa, lakini hataza zake ziko mikononi mwa makundi kadhaa ya wamiliki, kila moja likidai ada yake, na kampuni nyingi zikasita kuiingiza kwenye bidhaa zao. Hata Microsoft imekuwa ikiuza kiongezo cha HEVC cha Windows kwa dola 0.99. AV1 ilitoka mwaka 2018 kutoka kwa muungano wenye Google, Netflix na Amazon ndani yake, ikakusudiwa itumike bila ada. Tatizo lake ni umri: vyombo vya zamani havijawahi kuisikia.

Umri huo una uzito kwa sababu runinga, deki na simu husimbua video, yaani hufungua kilichobanwa, kwa saketi maalumu iliyochongwa kiwandani. Runinga iliyotengenezwa mwaka 2010 haina saketi ya HEVC, na hakuna kuisasisha kutakakoiwekea. Laptopu ina nafuu, kwani programu inaweza kufanya kazi hiyo badala ya saketi, ingawa kwenye mashine dhaifu picha itakwamakwama na feni italia.

Kwa anayetaka video icheze popote, jibu halijabadilika kwa zaidi ya miaka kumi: kasha la MP4, picha ya H.264 ya biti 8, sauti ya stirio iliyobanwa kwa kodeki ya AAC. Kuna kodeki bora kuliko H.264. Inayokubalika kwingi kama hiyo haipo.

Kabla ya kugeuza, itazamwe kwanza iliyomo. Dalili zenyewe husaidia. Sauti ikisikika bila picha, kodeki ya picha ndiyo iliyokataliwa. Picha ikionekana bila sauti, mara nyingi sauti imebanwa kwa DTS au AC-3, kodeki za majumba ya sinema na DVD ambazo simu nyingi na baadhi ya runinga haziwezi kuzicheza. Chombo kikikataa faili zima, shaka iangukie kwanza kasha. Uhakika hupatikana kwa programu ya MediaInfo, au kwa VLC, mradi ulioanzishwa na wanafunzi wa École Centrale Paris mwaka 1996. VLC hubeba visimbuzi vyake yenyewe, kwa hiyo hufungua karibu kila kitu. Kwenye kompyuta, vitufe vya Ctrl na J huonyesha kodeki za picha na za sauti. Kwa yule ambaye shida yake ni kutazama tu kwenye simu au laptopu, kusakinisha VLC kunamaliza kazi, na hakuna haja ya kugeuza chochote.

Uchunguzi huo mara nyingi huonyesha kwamba faili la MKV lina H.264 na AAC tayari. Kasoro ni kasha tu, na kasha hubadilishwa bila kugusa picha. Programu ya FFmpeg, aliyoianzisha Fabrice Bellard wa Ufaransa mwaka 2000 na ambayo inaendesha huduma nyingi za video zilizopo leo, hufanya hivyo kwa mstari mmoja:

ffmpeg -i filamu.mkv -c copy filamu.mp4

Neno copy linaiamuru inakili yaliyomo kama yalivyo. Filamu nzima huhamia kasha jipya kwa sekunde chache au dakika moja hivi, na ubora haupungui hata chembe. Kinachoweza kukwamisha ni manukuu, kwa sababu MP4 haipokei aina zote. Yale ya maandishi hubadilishwa kwa kuongeza -c:s mov_text. Yale yaliyo picha, kama ya diski za Blu-ray, hayaingii kabisa. Tatizo likiwa kwenye sauti peke yake, sauti ndiyo igeuzwe, picha ibaki:

ffmpeg -i filamu.mkv -c:v copy -c:a aac -b:a 192k filamu.mp4

Inasikitisha kwamba programu nyingi za kugeuza, hasa zile zinazojaa matangazo, hazimpi mtumiaji nafasi hii. Husimba picha upya, yaani huibana mara nyingine, hata pasipo sababu, saa nzima ikapotea na picha ikatoka na ukungu.

Kusimba upya kunabaki kuwa lazima pale kodeki ya picha yenyewe inapokataliwa. Hapo HandBrake, programu ya bure ya Windows, Mac na Linux, inamfaa mtu asiyependa kuandika amri. Uamuzi mkubwa ndani yake ni kiwango cha ubora. Kwa H.264 kipimo kinaanzia 0 hadi 51, na namba ikipanda, ubora unashuka. Kati ya 20 na 23 panawatosha watu wengi. 18 ni vigumu kuitofautisha na picha ya awali. Kila namba 6 zinazopunguzwa huongeza ukubwa wa faili takriban mara mbili, hivyo kuchagua 10 kwa kudhani ni ubora wa hali ya juu ni kujaza diski bure. Kukuza picha ndogo iwe 1080 nako hakuzalishi undani ambao haukuwemo.

Mfano mzuri wa kusimba upya ni DVD ya harusi ya miaka ya 2000, aina iliyolala kwenye makabati ya nyumba nyingi huku deki yake ikiwa imekufa siku nyingi. Ndani ya diski kuna folda ya VIDEO_TS yenye mafaili ya VOB, kila moja lisilozidi GB 1, hivyo sherehe moja imekatwa vipande vinne au vitano. Picha ni MPEG-2 ya pikseli 720 kwa 576, kwa mfumo wa PAL uliotumika Afrika Mashariki. Kuvigeuza vipande kimoja kimoja ni kujitafutia kazi: HandBrake ikielekezwa kwenye folda nzima huviunganisha yenyewe. La kuangalia zaidi ni mistari. Kamera za wakati ule zilipiga kila fremu kwa nusu mbili zinazopishana, na kwenye vioo vya leo bibi harusi akitembea kingo za gauni lake huchanika kama meno ya kitana. Kichujio cha kuondoa mistari hiyo kipo kwenye HandBrake chini ya jina Yadif au Decomb, na kwa diski za aina hii kiwashwe. Diski ya harusi haina kufuli. Za filamu za dukani kwa kawaida zimefungwa, na HandBrake peke yake haizifungui.

Simu za iPhone zina kisa chao. Tangu iOS 11 ya mwaka 2017, iPhone 7 na zilizofuata hurekodi kwa HEVC zisipoelekezwa vinginevyo, na video hizo ndizo zinazogoma kwenye laptopu na runinga za zamani. Dawa iko kwenye mipangilio ya kamera, sehemu ya fomati: likichaguliwa chaguo la kukubalika kwingi zaidi, simu itarekodi kwa H.264 na suala la kugeuza halitakuwepo. Gharama yake ni nafasi, kwani mafaili yatakuwa makubwa zaidi.

Wakati mwingine lawama huangukia video bure. Flashi nyingi zimepangwa kwa FAT32, mfumo usiopokea faili linalofika GB 4; filamu inagoma kunakiliwa ingawa flashi ina nafasi tele. Video iliyotumwa WhatsApp ikafika na ukungu haikuharibiwa na kodeki ya mtumaji, bali WhatsApp yenyewe huibana upya kabla ya kuituma. Ikitumwa kama hati, inafika kama ilivyotoka.

Tovuti za kugeuza video zinavutia kwa sababu hazihitaji kusakinisha kitu. Faili la MB 700, hata hivyo, hulazimika kupanda lote na kushuka tena, na bando ndilo linaloumia. Zaidi ya hapo, video ya watoto au ya msiba wa ukoo inakuwa imekabidhiwa kompyuta ya mtu asiyejulikana. Kwa klipu fupi isiyo na siri zinafaa. Kwa mengine, FFmpeg na HandBrake ni za bure na hufanya kazi bila intaneti.

Faili jipya litazamwe mwanzo, katikati na mwisho, kwenye chombo kilekile litakakochezewa, na sauti ilinganishwe na midomo. La awali lisifutwe kabla ya hapo, na kama ni video ya familia, lisifutwe kabisa.