"Haya" Bado Si Ndiyo

Mitole, wilayani Kilwa, mgeni mwenye dodoso haingii nyumbani kwa mtu hivi hivi. Hupita kwanza ofisi ya kijiji, akaonyesha barua yake kwa mtendaji, akamsalimu mwenyekiti, kisha akapewa kiongozi wa kitongoji amtembeze. Siku niliyofuatana na kijana mmoja wa utafiti, mama tuliyemkuta alikuwa na jembe begani, anakwenda kupalilia ufuta. Alilitua, akatandika mkeka. Kijana akamsomea fomu ya ridhaa, kurasa mbili nzima, akauliza kama amekubali.

"Haya, baba," akasema mama, na dole gumba lake likachovywa kwenye wino.

Aliyekulia pwani anajua upana wa neno hilo. "Haya" huweza kuwa nimekubali. Huweza kuwa nimekusikia. Mara nyingi huwa tuyamalize basi, jua linapanda. Na kiongozi wa kitongoji amekaa pale pale mkekani: mama atamkataliaje mgeni aliyeletwa naye?

Maadili ya utafiti wa tabia za watu yanataka ridhaa ya hiari, ya mtu aliyeelewa, na ambayo anaweza kuiondoa wakati wowote bila kuulizwa sababu. Kwa utafiti wa afya nchini Tanzania, kibali hutolewa na kamati ya taifa ya maadili iliyo chini ya NIMR, taasisi ya taifa ya utafiti wa magonjwa ya binadamu iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1979. Nimeziona fomu za kibali hicho zikijazwa kwa uangalifu mkubwa. Lakini ridhaa yenyewe hupatikana mkekani, na hapo ndipo haraka inapotuponza.

Inaiponza hata sayansi. Aliyekubali kwa adabu hujibu kwa adabu. Muulize kama watoto wote wamelala ndani ya chandarua jana usiku, atasema wote, maana ndilo jibu analoona litamfurahisha mgeni. Mtafiti ataondoka na takwimu safi zilizojaa heshima, na ukweli ataubakiza nyumbani kwa watu.

Tena kuna woga. Pwani ina neno mumiani, na hofu ya watu wanaonyonya damu ilikuwapo Afrika Mashariki tangu enzi za ukoloni. Tarehe 1 Oktoba 2016, katika kijiji cha Iringa Mvumi, wilaya ya Chamwino, Dodoma, watumishi watatu wa kituo cha utafiti wa kilimo cha Selian, Arusha, waliuawa na wanakijiji walioamini kwamba ni wanyonya damu. Walikuwa kwenye kazi ya kuchukua sampuli za udongo. Mauaji yale hayana utetezi wowote, na familia zile zimebaki na msiba usioisha. Hata hivyo, ndani ya hofu ile yamo maswali ambayo kamati yoyote ya maadili huyauliza: mnachukua nini, mnakipeleka wapi, na nani atafaidika? Mtafiti asipoyajibu yeye, uvumi utayajibu kwa niaba yake.

Pesa nazo zina mtihani wake. Kilombero na Ulanga, mwaka 2009, ulianza utafiti uliohusisha vijana wapatao 2,400 wa vijiji 10: waliopimwa na kukutwa hawana magonjwa fulani ya zinaa yanayotibika walilipwa, kundi moja shilingi 10,000, jingine 20,000, kila baada ya miezi minne. Baada ya mwaka, maambukizi yalipungua katika kundi la 20,000 tu. Waliokutwa na ugonjwa walitibiwa bure na kuruhusiwa kuendelea. Ni matokeo makubwa, lakini mimi bado yananisumbua. Kijijini kila mtu anajua siku ya malipo, na anayerudi mikono mitupu amesomwa majibu yake na jirani kabla hajafika kwake.

Uaminifu nao umewahi kuonekana huku huku kusini. Mpango wa Mtunze Mtoto Mchanga, katika wilaya sita za Lindi na Mtwara, ulitumia wanawake wa vijiji vyenyewe kuwatembelea wajawazito na kuzungumza nao juu ya usafi wakati wa kujifungua na kumnyonyesha mtoto mapema. Mienendo kadhaa ya nyumbani ilibadilika. Vifo vya watoto wachanga havikuonekana kupungua kwa sababu ya mpango, na watafiti wakalichapisha hilo waziwazi mwaka 2015. Nawaheshimu kwa hilo, kwa kuwa kishawishi cha kutangaza mazuri peke yake ni kikubwa.

Kule Mitole, maswali yalipokwisha, mama alijifuta wino kwa jani. Kisha akauliza lake: "Majibu mtakuja kutuambia lini?"

Kijana aligeuza kurasa zote mbili. Akakuta namba ya simu ya Dar es Salaam. Mama akamletea kipande cha mkaa kutoka jikoni, naye akaiandika ubaoni mwa mlango, tarakimu moja moja, kubwa kubwa, mama akizifuata kwa macho mpaka ya mwisho.