Mfalme Alimaliza Wasee na Luku

Nilikuwa nadhani muvi ya mfalme lazima iwe na vita, farasi na damu kila pahali. Hii haina hata ngumi. Roberto Rossellini aliitengenezea TV ya Ufaransa 1966, inaitwa La Prise de pouvoir par Louis XIV. Louis alikalia kiti miaka 72. Rossellini akakata kipande tu, kuanzia 1661, na muvi haifikishi masaa mawili.

Inaanza mdogo mdogo. Kardinali Mazarin, mwenye alikuwa anashikilia serikali, amelala hoi, daktari ananusa chombo ya haja yake kutafuta ugonjwa. Kabla Louis aingie, mzee anapakwa rangi kwa mashavu asikae maiti. Akidedi, Louis, kijana wa 22, anaambia wadosi hakuna waziri mkuu mwingine. Ni yeye.

Alikuwa na sababu ya kutoamini mtu. Akiwa mtoi wa 12, raia wa Paris waliingia usiku hadi kwa bedi yake kucheki kama ametoroka. Akajifanya amelala. Hiyo haisahauliki.

Fouquet, mwenye alikuwa anashika doo za serikali, ananaswa Nantes na d'Artagnan (eeh, alikuwa msee wa ukweli). Lakini mabwanyenye wote wenye wanaweza kumgeuka utawafunga aje? Louis anaita fundi wa nguo. Hapo ndio muvi inawaka. Ribon juu ya ribon, lesi, manyoya, na bei iwe ya kuumiza. Mwenye anataka kuonekana kwa mfalme, achape hiyo luku. Ukisota, unaomba nani? Yeye. Na msee anadaiwa na fundi atatoa wapi doo ya kupanga vita? Niliangalia njumu zangu hapo mlangoni, zenye bado nalipa mdogo mdogo, nikanyamaza.

Jean-Marie Patte, mwenye ameigiza Louis, alikuwa karani wa ofisi. Mistari ilikataa kuingia kichwa, ikabidi asome kwa ubao. Ndio maana macho yake haiangalii mtu. Unadhani ni madharau ya kifalme, kumbe jamaa anasoma.

Mwishoni Louis anajifungia pekee yake. Anatoa glavu, upanga, wigi, maribon, moja moja. Anabaki kajamaa kafupi kameshika kitabu.