Goma: Filamu bubu zilitafutiwa sauti, lakini ni nani aliyeichagua?

Kwa vijana wa Goma wanaojifunza sinema na muziki katika vituo kama Yole!Africa, kuweka wimbo juu ya picha ni kazi ya dakika chache. Karibu miaka 90 iliyopita, kazi hiyo ilihitaji mashine mbili.

Filamu ambazo ndugu Lumière walionyesha Paris tarehe 28 Disemba 1895 hazikuwa na sauti ndani yake. Kumbi za Ulaya na Marekani zikazoea kuweka mpiga piano karibu na pazia. Zile kubwa ziliweka okestra nzima. Mwaka wa 1908, Mfaransa Camille Saint-Saëns alitunga muziki kwa ajili ya filamu L'Assassinat du duc de Guise. Wengine, kama Léon Gaumont, waliunganisha mashine ya picha na gramafoni. Shida mojawapo ilikuwa hii: filamu ikikatika na kuungwa tena, picha na sauti haviendi tena pamoja.

Njia hiyo ya santuri ilifika hata Afrika Mashariki. Kati ya 1935 na 1937, mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment ulitengeneza filamu zaidi ya 30 kule Vugiri, katika milima ya Usambara, Tanganyika. Waliouongoza ni Leslie Notcutt na Geoffrey Latham. Picha zilikuwa kwenye filamu ya milimita 16, maneno na muziki kwenye santuri. Hivyo picha zilezile ziliweza kuonyeshwa kwa Kiswahili au kwa lugha nyingine.

Huku Kongo, wakati wa utawala wa Wabelgiji, mara nyingi ni mfasiri aliyesimama karibu na pazia na kuwaelezea watu filamu kwa lugha yao.

Waafrika walionekana katika filamu hizo. Lakini ujumbe wao ulipangwa na wakoloni na wamisionari.

Jambo hilo bado linagusa wakaaji wa Goma. Picha za volkano Nyiragongo ikilipuka, mwaka wa 2002 au 2021, zikitiwa muziki wa kuogopesha, zinaonyesha mji uliokufa. Zikitiwa sauti za wakaaji wenyewe, zinaonyesha watu waliorudi kujenga nyumba zao juu ya mawe ya volkano. Leo kijana wa Goma mwenye simu anaweza kuchagua sauti hiyo mwenyewe.