Je, Wajua? Baridi ya Kericho Haizuii Malaria

Mashamba mengi ya chai ya Kericho na Bomet yako karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Kwa kuwa baridi ya huko hufanya malaria isiwe ya kila siku, wakazi hawajengi kinga kama wenzao wa kando ya Ziwa Victoria. Mlipuko ukitokea baada ya mvua za masika, huwaangusha wakubwa kwa wadogo.

Je, wajua kwamba malaria iliyorejea kwa kishindo Kericho miaka ya 1990 ilikuta dawa ya klorokwini imeanza kushindwa? Mwaka 1998 serikali iliacha kuitumia kama tiba ya kwanza. Mwaka 2004 iliidhinisha dawa mseto ya artemether na lumefantrine. Katika wilaya za nyanda za juu, ilipulizia pia kuta za nyumba dawa ya kuua mbu.

Je, wajua kwamba chanjo ya malaria, RTS,S, ilizinduliwa nchini Kenya, huko Homa Bay, Septemba 2019? Hutolewa kwa dozi nne, kuanzia miezi 6. Kaunti nane za magharibi zenye maambukizi mengi ndizo zilizoanza nayo. Kericho na Bomet hazikuwamo.

Kwa hiyo mchuma chai na watoto wake wanahitaji chandarua chenye dawa, kipimo cha haraka homa inapoanza, na zahanati isiyokosa dawa. Ulinzi huo ni haki yao, nayo serikali iuandae kabla ya masika, si baada ya wodi kujaa.