Nuru wa Mara Tatu

Jumamosi moja jioni, hapa Mwiki, mvua ilipokuwa imeigeuza njia ya matatu kuwa tope tupu na hapana mtu aliyetamani kutoka, niliwakusanya wajukuu wangu mbele ya runinga tutazame Born Free, sinema ya Waingereza iliyopigwa Naro Moru chini ya Mlima Kenya katika miaka ile ya mwanzo ya uhuru, na iliyooneshwa London mwaka 1966, na kabla hata simba Elsa hajaanza kutambaa, kitinda mimba wao akauliza lile swali ambalo watoto wa mtaa wetu hulitanguliza mbele ya kila sinema: "Guka, stering ni nani?"

Nilimwonesha Virginia McKenna na Bill Travers, waliokuwa Joy na George Adamson, mke na mume waliomlea Elsa, naye akatosheka; walakini mimi sikutosheka, kwa sababu tangu ujana wangu nafsi yangu imewaelekea wale wasimamao kando ya stering, waletao habari mbaya, washikao taa, wabebao mwana-simba ilhali wengine wanazungumza, ambao aghalabu hatuwakumbuki ila siku wanapokosekana.

Wawili wa namna hiyo wamo humo. Wa kwanza ni Geoffrey Keen, mzaliwa wa Uingereza wa mwaka 1916, mwana wa mwigizaji Malcolm Keen, ambaye hapa ni Kendall, afisa anayewaambia akina Adamson kwamba Elsa hawezi kuendelea kukaa nyumbani. Umri wake wote mtu huyu aliutumia katika kuigiza wenye amri: mwaka 1970, katika Taste the Blood of Dracula ya kampuni ya Hammer, iliyosifika kwa sinema za kutisha, alikuwa baba mwenye staha mchana na ufisadi usiku; na tangu 1977 hadi 1987, katika sinema sita za James Bond, alikuwa Waziri wa Ulinzi, akiketi penye meza yake na kumwachia mwingine hatari pamoja na sifa zake. Ustadi wake ulikuwa katika kujizuia. Neno moja kavu, jicho moja la kutoamini, na mtazamaji alifahamu kwamba serikali imeingia chumbani.

Wa pili ni Peter Lukoye, Mkenya, aliyekuwa Nuru, mlezi wa wana-simba. Na hapa naomba nikawie kidogo. Miaka 15 kabla ya Born Free, Waingereza walipokuja nchini kupiga Where No Vultures Fly, sehemu kubwa ya Mwafrika alipewa Orlando Martins, Mnijeria aliyekuwa akifanya kazi yake Uingereza. Kwa hiyo kumwona Mkenya akisimama karibu na simba wa kweli, kwa utulivu wa mtu aliyeizoea kazi yake, lilikuwa jambo la fahari kwetu, japokuwa alikuwa amepewa utumishi tu, na japokuwa hadithi yenyewe ilikuwa ya bibi na bwana wake.

Mwaka 1972 ukatoka mwendelezo wa Born Free, yaani Living Free. Joy sasa ni Susan Hampshire, George ni Nigel Davenport. Kendall ni Keen yule yule, na Nuru ni Lukoye yule yule. Mwaka 1974 Wamarekani wakaifanya hadithi hiyo tamthilia ya runinga ya vipindi 13, iliyopigwa papa hapa Kenya, wakawaleta Diana Muldaur na Gary Collins. Na Nuru, kwa mara ya tatu, akawa Lukoye. Naam, mabwana na mabibi walibadilishwa kama mashuka ya kitanda cha wageni, ilhali yule ambaye jina lake huandikwa chini ndiye aliyewaunganisha wote, hata nikaona kwamba kwake yeye, na wala si kwa nyota wale, ndiko tulikojua kwamba tumerudi katika nyumba ile ile.

Haya yote sikuwaambia watoto, maana usingizi ulikuwa umekwisha kuwachukua. Jumamosi iliyofuata tuliitazama Living Free, na kitinda mimba wao, baada ya kumkazia macho Susan Hampshire kwa muda, akanigeukia kwa wasiwasi wa dhati.

"Guka, huyu mama si yule."

Kisha Lukoye akatokea, na mtoto akajinyoosha tena mkekani. "Lakini Nuru ni yule yule," akasema.