Liste ya wanamemba iko wapi? Kuchagua programu ya kupanga fishie za koperative

Mwaka jana, mbele ya mvua kuanza, nilifika mu koperative moja upande wa barabara ya Mutshatsha. Walikuwa wanangojea watu wa kuhesabu mashamba, juu kampuni moja ya madini ilikuwa inasogeza mipaka yake. Nikaomba liste ya wanamemba na picha za mashamba. Sekretere akanyamaza. Prezidenti ndiye alijibu: "Enjenia, telefone baliiba, na liste iko mule mule." Siku ile watu walihesabiwa kwa kinywa tu, na ninyi wote munajua hesabu ya kinywa inaishaka namna gani.

Kodi ya madini ya mwaka 2002, iliyobadilishwa mwaka 2018, inamlazimisha mwenye kibali cha kuchimba kulipa fidia kwa wale wanaokaa na kulima udongo ule kihalali. Lakini anayedai anapaswa kuonyesha: nani analima, wapi, nini, tangu lini. Kama hauna karatasi wala picha, utasema nini?

Tangu pale, kila koperative ninayotembelea inaniuliza programu gani ni nzuri. Mimi ninajibu kwa kuuliza: fishie gani hamuwezi kupoteza? Kwa koperative ya mihindi na mihogo ya hapa kwetu, mara nyingi ni aina ine tu: rejista ya wanamemba, mapatano ya mikutano, risiti za mbegu na mbolea, na picha za mashamba. Rejista si jambo la kupenda ao kutopenda. Sheria ya OHADA juu ya koperative, ya tarehe 15 Desemba 2010, ambayo Kongo inafuata tangu ilipoingia OHADA mwaka 2012, inaomba rejista ikae kwenye kiti cha koperative, na ndani yake: tarehe ya kuingia, namba, jina, kitambulisho, adresi, kazi, na hisa ambazo kila mtu aliandikisha na zile alizolipa. Hizo ndizo safu za tableau yenu. Hakuna haja ya kutafuta mbali.

Kisha nenda kwenye programu na maulizo matatu. Inafunguka kama hakuna rezo na Snel imekata? Siku ukiiacha, unaweza kutoa fishie zako zote na kuzifungua kwa programu ingine? Na neno la siri liko kwa watu wangapi? Programu ikishindwa hata ulizo moja, iache, hata kama ni ya bure, hata kama mtoto wa mujini anaisifu.

Kwa rejista na hesabu, LibreOffice inatosha. Ni ya bure, inafanya kazi bila intaneti, na inafungua fishie za Excel. Niliona koperative ikilipa dola kila mwezi kwa programu ya kusimamia wanamemba. Walipokosa kulipa, mlango ukafungwa na majina yakabaki ndani. Kwa watu mia moja ao mia mbili, tableau moja inatosha kabisa.

Google Drive inatoa giga 15 za bure, lakini giga hizo zinagawanywa na barua za Gmail na picha za Google, na kwa telefone za Android hata nakala ya WhatsApp inakula mule. Ni nzuri kwa nakala ya pili, siyo kwa kazi ya kila siku, juu mega ni bei na upande wa Lubudi kuna vijiji ambako rezo unaitafuta juu ya kichuguu. Kontu ifunguliwe kwa jina la koperative, siyo kwa jina la sekretere. Sekretere akienda kutafuta kazi ku mine, asiende na kontu.

Sasa WhatsApp. Hapa ndipo tunapoteza vingi. Wengi wanasema: "Picha ziko mu grupe, ziko salama." Hapana. Ukituma picha kwa njia ya kawaida, WhatsApp inaikandamiza, na inaondoa habari zilizofichwa ndani yake: mahali ilipopigwa, saa, siku. Mwenye kuipokea anabaki na shamba la mihindi ambalo linaweza kuwa popote, hata Zambia. Ile koperative ya barabara ya Mutshatsha ilipoteza hivyo: picha walikuwa nazo, lakini hakuna moja iliyosema ni shamba gani. Fanya hivi: mu kamera ya telefone, washa mahali (GPS) mbele ya kupiga. Ukitaka kutuma kwa WhatsApp, tuma kama dokima, siyo kama picha. Na ile ya kwanza ibaki ku telefone mpaka umeikopia ku ordinatere.

Kama mashamba ni mengi, KoboToolbox inasaidia zaidi. Unatayarisha maulizo, kijana anaenda shambani na telefone ya Android, anaandika jina, mimea, anachukua GPS na picha bila rezo yoyote, kisha anatuma akirudi Kolwezi. Unaweza kutoa vyote kama tableau. Inaomba siku moja ao mbili za kujifunza. Omba mwagronome wenu awaonyeshe.

Majina ya fishie, usiyadharau. "Picha mupya 2 ya mwisho kabisa" haisaidii mtu. Andika mwaka, mwezi, siku, kisha kitu, kisha namba ya mwanamemba: 2024-11-18_shamba_047. Ukianza na mwaka, ordinatere inazipanga yenyewe kwa mufatano.

Nakala ziwe tatu: moja ku ordinatere, moja ku flashi inayokaa kwa mama kesie, nyumba ingine kabisa, moja ku Drive. Flashi ile isiende ku duka la fotokopi. Kule inarudi na virusi. Kwa kupiga fotokopi, nunua ingine ndogo. Na rejista ya karatasi muendelee nayo, yenye sahihi za wanamemba. Mimi mwenyewe niko na kayé yangu mpaka leo.

Mbele ya msimu kuanza, jaribuni siku Snel imekata na betri ya ordinatere ingali na nguvu kidogo. Muombe mtu ambaye si sekretere atafute risiti ya mbolea ya mwaka uliopita na picha ya shamba la mwanamemba mumoja. Mupe dakika tano. Akishindwa, mutengeneze majina na dosie juma lile lile, wakati watu wa kupima bado hawajafika.